Safari ya magofu ya Wamaya ilivyonifunza kumsoma mtoto kwenye jua kali

Kwa zaidi ya saa moja kijana wetu wa miaka 7 alikuwa hajafunga mdomo. Kwa nini piramidi ina ngazi nyingi hivi? Nani alibeba mawe? Wafalme wao walikula nini? Kisha, karibu saa 4 asubuhi, akanyamaza.

Mimi sikugundua. Dada yangu, ambaye ndiye mama yake, naye hakugundua. Aliyegundua ni mwongozaji tuliyemkodi kwa siku hiyo moja.

Ilikuwa Julai, likizo ya shule huko Texas, Marekani, anakoishi dada yangu na familia yake. Nilikuwa nimekwenda kuwatembelea, naye akaamua tuvuke hadi Mexico kwa siku 4: yeye, mimi, binti yake wa miaka 11 na huyu mdogo. Tulifikia Cancún, mji wa fukwe na hoteli. Lakini binti alikuwa amesoma habari za Wamaya shuleni na hakutaka kusikia habari za bahari. Alitaka kuiona Chichén Itzá.

Chichén Itzá iko kilomita 200 hivi kutoka Cancún, katika jimbo la Yucatán. Ni mji uliostawi zaidi ya miaka 1,000 iliyopita, na tangu mwaka 1988 umo katika orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO. Kwenda huko kuna njia mbili kubwa: basi la kundi, au gari binafsi lenye mwongozaji wako mwenyewe.

Dada alitaka basi kwa sababu ni nafuu. Tukakaa chini tukapiga hesabu. Basi hutoza kwa kichwa. Gari binafsi, kwa yule tuliyempata, lilitozwa kwa siku nzima. Kwa watu 4 tofauti ilibaki, ila haikuwa ya kutisha. Kilichotuamulia ni muda. Basi huzunguka hoteli kuchukua abiria, husimama kwenye maduka ya vinyago, na mara nyingi hufika magofuni jua likiwa la utosi. Sisi tuliambiwa tutaingia geti likifunguliwa, saa 2 asubuhi.

Tuliondoka Cancún saa 12 asubuhi. Wengi hawalijui hili: saa za Yucatán ziko nyuma ya za Cancún kwa saa moja. Ukiwahi kuondoka, unazawadiwa saa nzima ya ubaridi.

Ndani ya gari nilifanya kosa ambalo nalisema hapa ili lisirudiwe. Kijana alikuwa anagida maji kama aliyetoka mchakamchaka. Nikamwambia, "Usinywe sana, mwanangu, tutasimama simama njiani mpaka tuchelewe." Mimi, mama yake mdogo, ninayeandika habari za afya kila wiki. Naye ni mtoto msikivu. Akafunga chupa.

Uwanja usio na kivuli

Ukiingia Chichén Itzá, unapita njia yenye miti, halafu ghafla uwanja unafunguka na piramidi ya Kukulkán imesimama mbele yako, karibu mita 30 kwenda juu. Kila upande kati ya pande 4 una ngazi 91. Mwongozaji alimpa binti hesabu: zidisha, kisha ongeza jukwaa la juu. Akapata 365, siku za mwaka. Piramidi hiyo ni kalenda ya mawe. Machi na Septemba, usiku na mchana vinapolingana, kivuli huangukia ukingo wa ngazi za kaskazini na kuonekana kama nyoka anayeshuka.

Kupanda kumekatazwa kwa miaka mingi sasa, na kwa mzazi wa mtoto mtundu hiyo ni nafuu. Lakini kuna kitu cha kufanya hapo chini: ukipiga makofi mbele ya ngazi, mwangwi unarudi kama mlio wa ndege, na waongozaji hupenda kuufananisha na ule wa quetzal, ndege wa manyoya marefu ya kijani aliyeheshimiwa na Wamaya. Kijana alipiga makofi mpaka viganja vikawa vyekundu.

Mwongozaji wetu ni mtu wa makamo, na watoto walimwita anko tangu asubuhi. Njiani alipigiwa simu na mama yake, wakaongea Kimaya. Watoto walishangaa. Shuleni waliambiwa Wamaya "walitoweka". Anko akacheka: miji ilihamwa, watu wapo. Maelfu kwa maelfu ya watu wa Yucatán wanaongea lugha hiyo hadi leo. Alichora pia tarakimu zao mchangani: nukta ni moja, mstari ni tano, na kombe ni sifuri. Akawaeleza kwamba mahindi yalitoka kwenye bara hilo. Dada akaniangalia. Ugali wetu, kumbe, una babu zake huku.

Kisha tukaelekea uwanja wa mpira wa kale, wenye urefu wa mita 168. Hapo ndipo anko aliposimama na kugeuka.

"Huyu hajauliza kitu kwa dakika kumi," alisema.

Tulimtazama. Uso ulikuwa umepauka, paji la uso limelowa jasho. Nusu saa nyuma alikuwa analilia firimbi ya wachuuzi inayonguruma kama chui. Sasa alipita meza yao bila hata kuiangalia.

"Mama, tumbo linaniuma," alisema.

Dada alimjibu kama mama yeyote angejibu. "Acha kudeka, baba. Bado sehemu mbili tu."

Sikumlaumu, maana nami nilidhani ni usingizi. Anko alipiga goti, akagusa shingo yake, akauliza swali moja: mara ya mwisho amekwenda haja ndogo lini? Tukatazamana. Ilikuwa hotelini, kabla ya saa 12.

Tulichofanya chini ya mti

Mtoto alikuwa ameanza kuzidiwa na joto. Tulimpeleka kwenye kivuli, tukamlaza na kuinua miguu yake juu ya begi. Tulimvua viatu na kulegeza nguo. Nililowesha kanga nikamfuta shingo, kwapa na mapaja, huku dada akimpepea kwa kofia. Nilikuwa na pakiti mbili za ORS, zile tunazopewa kliniki mtoto akiharisha. Nikachanganya moja kwa kipimo cha maji kilichoandikwa kwenye pakiti, akanywa kwa funda ndogo ndogo. Ukimpa chupa nzima kwa mkupuo, mara nyingi anatapika.

Baada ya dakika 20 hivi rangi ilirudi. Swali la kwanza aliloliuliza lilikuwa kuhusu ile firimbi. Dada akageuka pembeni akafuta machozi.

Mwili wa mtoto hupata joto haraka kuliko wa mtu mzima na hutoa jasho kidogo zaidi. Akiwa kwenye furaha ya safari, hasikii kiu mapema. Dalili za kuzidiwa na joto ni kichwa kuuma, kichefuchefu au tumbo kuuma, kizunguzungu, misuli kukaza, uchovu, kupauka na jasho jingi. Mkojo huwa mchache na wa rangi iliyokolea. Kwa mtoto ongeza hii: kubadilika tabia. Mwongeaji ananyamaza, mpole anakuwa mkali.

Akichanganyikiwa, akazimia, akapata degedege, ngozi ikawa ya moto sana, au akikaa nusu saa kivulini bila nafuu, hiyo ni dharura. Joto la mwili likifikia nyuzi 40 na kuendelea, ubongo na viungo vingine vinaweza kuumia. Mpoze kwa maji huku ukiita msaada; Mexico namba ya dharura ni 911. Asiye na fahamu asipewe kitu cha kunywa.

Kabla hujalipa

Ukifikiria safari ya namna hii, uliza maswali haya mapema.

Mwongozaji ana kitambulisho? Waongozaji rasmi wa Mexico hubeba kitambulisho cha Wizara ya Utalii. Omba kukiona.

Gari lina kiti cha mtoto, na kiyoyozi kinafanya kazi? Saa mbili na nusu kila upande si mchezo.

Viingilio vimo kwenye bei? Chichén Itzá ina malipo mawili, ya serikali kuu na ya jimbo. Usije ukadhani umemaliza kumbe bado.

Tukichoka, tunaweza kuondoka? Hili ndilo swali kubwa. Mwenye basi la watu 40 hawezi kukatisha safari kwa ajili ya mtoto wako. Wala hawezi kujua kwamba mtoto wako amenyamaza, kwa kuwa hakumsikia akiongea.

Miezi ya Aprili na Mei ndiyo yenye joto kali zaidi Yucatán. Novemba hadi Februari kuna unafuu. Funga mkobani kofia pana, mafuta ya kuzuia jua, maji ya chupa kwa kila mtu, ORS na dawa ya kufukuza mbu. Dengi ipo, na mbu wake huuma mchana. Mtoto akipata homa baada ya safari, mpe paracetamol tu, siyo aspirini wala ibuprofen, na umpeleke akapimwe.

Wengi humalizia kwenye cenote, visima vya asili vilivyotobolewa na maji kwenye mwamba wa chokaa. Ik Kil, iliyo karibu na magofu, maji yake yako kama mita 26 chini ya uso wa ardhi na kina chake kinazidi mita 40. Mtoto asiingie bila jaketi la kuelea, hata kama ni bingwa wa kuogelea. Mafuta ya kuzuia jua huoshwa kwanza kwa kuwa yanachafua maji.

Kwa hati, wenye pasi za Tanzania au Kenya wanahitaji viza ya Mexico, isipokuwa wakiwa na viza hai au ukaazi wa kudumu wa nchi kama Marekani, Canada au Uingereza. Thibitisha ubalozini kabla ya kukata tiketi.

Na kama safari yako mwaka huu ni ya Kaole au Kilwa Kisiwani, jua ni lile lile na mtoto ni yule yule. Maswali haya yanafaa hata huko.

Tulirudi mapema

Hatukuingia uwanja wa mpira. Hatukukiona kisima kitakatifu wala jengo la kutazamia nyota. Saa 5 tulikuwa garini, na anko hakuongeza wala kupunguza bei. Nilitegemea binti atanuna kwa sababu safari ilikuwa yake. Alikaa kimya kidogo, kisha akamwekea mdogo wake kichwa begani.

"Tutarudi," alisema. "Piramidi haiendi popote."

Firimbi ilinunuliwa, na tukaipata joto ya jiwe. Chui alinguruma kutoka Chichén Itzá mpaka katikati ya safari, ndipo kijana akashusha firimbi na kuniangalia.

"Mama mdogo, naruhusiwa kunywa maji?"

Nilimfungulia chupa mwenyewe. Tulisimama mara 3 kabla ya kufika Cancún, na hakuna aliyelalamika.