Lori Likisimama Mariakani, Nani Hulipa?

Mkaazi wa Mazeras au Mariakani hahitaji kuambiwa kwamba malori ni mengi. Anayasikia usiku kucha yakipanda mlima kutoka Mombasa. Barabara ya A8, inayoanzia Mombasa, kupitia Nairobi, hadi mpaka wa Malaba, inakata kaunti yetu kwa kipande kifupi tu, lakini kipande hicho ndicho mlango wa bara. Mwaka wa 2024 Bandari ya Mombasa ilihudumia zaidi ya tani milioni 40 za shehena. Sehemu kubwa ya shehena inayoelekea Nairobi, Uganda, Rwanda, Sudan Kusini na mashariki mwa Kongo hupita hapa kwetu juu ya magurudumu.

Vijana wetu ni madereva na mataniboi wa malori hayo. Kina mama huwauzia chakula. Vyama vya akiba hukaa vikao kujadili kama vinunue lori. Hata asiye na uhusiano wowote na malori hulipia safari zake kila anaponunua unga, sukari au bati. Makala haya yanaeleza hesabu ya biashara hii: pesa hutoka wapi, huishia wapi, na kwa nini mambo mengi tunayoyalalamikia barabarani huanzia kwenye hesabu hiyo.

Gharama za mwendo na gharama za kukaa

Mwenye lori ana gharama za aina mbili. Kuna zile zinazokuja gari likitembea, kama dizeli, tairi na posho ya dereva. Na kuna zile zinazokuja hata gari likilala: mkopo wa benki, bima, mishahara na ukaguzi wa gari.

Tuchukue mfano. Bei tutakazotumia ni za kurahisisha hesabu tu, wala si bei za soko za leo. Treila ya magurudumu 22 inatoka Mombasa kwenda Nairobi, umbali wa kilomita 485 hivi. Ikiwa na mzigo kamili, hutembea takriban kilomita 2 kwa lita moja ya dizeli. Ikirudi tupu, tuseme inatembea kilomita 3 kwa lita. Kwenda na kurudi ni kama lita 404. Dizeli ikiwa Sh170 kwa lita, hiyo ni karibu Sh68,700.

Tairi nazo huliwa na barabara. Tukisema tairi moja ni Sh35,000, seti nzima ya 22 ni Sh770,000. Zikidumu kilomita 80,000, safari moja ya kwenda na kurudi inakula tairi za Sh9,300 hivi. Posho ya dereva na taniboi tuiweke Sh12,000. Jumla ya gharama za mwendo inafika Sh90,000. Mwenye mzigo akilipa Sh120,000, mwenye lori anabaki na Sh30,000.

Wengi huishia hapo na kusema biashara ni nzuri. Lakini gharama za kukaa bado. Tuseme mkopo, bima na mishahara ni Sh240,000 kwa mwezi. Lori likifanya safari nane kwa mwezi, Sh30,000 zile mara nane ni Sh240,000 kamili. Mwenye gari amefanya kazi mwezi mzima na hana faida hata senti moja. Likifanya safari nne, amepata hasara ya Sh120,000. Likifanya kumi, ana faida ya Sh60,000.

Kwa mfano huu, kila siku ambayo lori limesimama, liwe kwenye foleni ya bandari, kwenye mizani ya Mariakani au mpakani Malaba, Sh8,000 zinateketea bila gari kusogea hata hatua moja. Ndiyo maana msongamano si kero ya madereva peke yao. Siku zinazopotea huongezwa kwenye bei ya kubeba, na bei ya kubeba huongezwa kwenye bei ya dukani.

Kwa nini kurudi tupu ni ugonjwa wa biashara hii

Kenya na majirani zake huagiza bidhaa nyingi kuliko zinazouza nje. Kwa hiyo malori mengi hupanda bara yakiwa yamejaa na hushuka Pwani yakiwa matupu, au yakiwa na kontena tupu linalorudishwa kwa kampuni ya meli. Kontena hilo nalo lina siku zake. Zikipita, mteja hutozwa kwa kila siku ya kuchelewa, na hivyo dereva huagizwa arudi mbio badala ya kungoja mzigo wa kushuka nao.

Tuone tofauti ya mzigo wa kurudi. Tuseme lori letu linapata mzigo Nairobi wa kuleta Pwani kwa Sh40,000 tu. Dizeli ya ziada kwa kurudi na mzigo ni karibu Sh13,700. Zinabaki Sh26,300 zaidi kwa kila safari. Kwa safari sita za mwezi, lori lililokuwa lipate hasara ya Sh60,000 linapata faida ya zaidi ya Sh97,000. Ni lori lile lile, dereva yule yule na barabara ile ile.

Hii ndiyo sababu mwenye lori anayeshuka hukubali malipo madogo: chochote akipatacho ni afadhali kuliko hewa. Treila hubeba tani 30 hivi, yaani pakiti 15,000 za kilo mbili. Katika mfano wetu, kupandisha pakiti moja ya kilo mbili kutoka Mombasa hadi Nairobi kunagharimu Sh8. Kuishusha kutoka Nairobi hadi Pwani hakufiki Sh3.

Kwa mkaazi wa Kilifi, jambo hili lina pande mbili. Mahindi na viazi kutoka bara hutufikia kwa njia iliyo rahisi. Lakini mkulima wa maembe wa Magarini au Malindi anayetaka kuuza Nairobi yuko upande wa ghali, akishindana na makontena ya bandarini, chumvi ya Gongoni na saruji ya Vipingo kutafuta nafasi kwenye gari. Mkulima mmoja mwenye magunia machache hana sauti mbele ya dalali. Wakulima wakikusanya mazao yao pamoja hadi yajaze gari zima, na wakapatana siku ya kupakia kabla ya msimu kufika kileleni, wanakuwa na kitu cha kujadiliana.

Dizeli hulipwa leo, mteja hulipa kesho

Kuna jambo jingine linaloangusha wenye malori wadogo hata wakiwa na kazi. Dizeli hununuliwa kwa pesa taslimu. Wateja wengi wakubwa hulipa baada ya siku 30, 60 au hata 90. Mwenye lori moja anayefanya safari nane kwa mwezi anaweza kuwa ametoa Sh720,000 za gharama za mwendo kabla ya kuona malipo ya safari ya kwanza.

Bei ya dizeli nayo haimsubiri. Mamlaka ya EPRA hutangaza bei mpya tarehe 14 ya kila mwezi. Ushuru pia huongezeka: mnamo Julai 2023 kodi ya VAT kwa mafuta ilipanda kutoka asilimia 8 hadi 16, na Julai 2024 ada ya kutunza barabara ikapanda kutoka Sh18 hadi Sh25 kwa lita. Kwa lita 404 za mfano wetu, hizo shilingi saba za ada ni zaidi ya Sh2,800 kwa safari moja. Mkataba ulioandikwa bila kifungu cha kubadilisha malipo bei ya mafuta ikibadilika humwachia mwenye lori mzigo huo peke yake.

Mizani ipo kwa sababu gani

Faida ikiwa nyembamba hivi, kishawishi cha kwanza ni kuongeza mzigo. Sheria ya Jumuiya ya Afrika Mashariki ya kudhibiti uzito wa magari imeweka mipaka: tani 8 kwa ekseli ya mbele, tani 10 kwa ekseli moja yenye tairi nne, tani 18 kwa ekseli mbili pamoja na tani 24 kwa ekseli tatu. Treila ya ekseli sita haifai kuzidi tani 50, gari na mzigo, na hakuna gari linaloruhusiwa kupita tani 56 bila kibali maalum. Kila gari la uzito wa tani 3.5 na zaidi linapaswa kupita kwenye mizani.

Watu huuliza: tani mbili zikizidi kuna ubaya gani? Wahandisi wa barabara wamegundua kwamba madhara kwa lami hayapandi sawasawa na uzito. Hupanda kwa kasi zaidi, takriban kwa kipeo cha nne. Ekseli ya tani 10 ikibebeshwa tani 12, uzito umeongezeka kwa asilimia 20, lakini uharibifu umeongezeka maradufu. Gari moja lililozidisha mzigo hula maisha ya barabara ya magari mawili. Mashimo na mabonde ya lami yanayobaki humvunjia spea kila anayepita, akiwemo mwenye bodaboda.

Ni vyema pia kujua kwamba gari linaweza kukamatwa hata kama jumla ya uzito iko sawa, ikiwa mzigo umeelemea ekseli moja. Tatizo hilo hutatuliwa wakati wa kupakia.

Saa nane za dereva

Kishawishi cha pili ni kukimbiza gari. Sheria ya Trafiki inakataza dereva wa gari la biashara kuendesha zaidi ya jumla ya saa nane katika kila saa 24, na lori kubwa halifai kupita kilomita 80 kwa saa. Sasa piga hesabu. Kilomita 485 kwa mwendo wa wastani wa kilomita 50 kwa saa ni karibu saa kumi. Dereva mmoja hawezi kufika Nairobi kwa siku moja bila kuvunja sheria. Lazima alale njiani, au wawe madereva wawili.

Lakini dereva anayelipwa kwa safari hupata hasara akilala, na tajiri anayetaka safari kumi kwa mwezi humpigia simu aongeze mwendo. Hapo ndipo usingizi, breki zilizochoka na mteremko hukutana. Tarehe 30 Juni 2023, katika makutano ya Londiani, Kaunti ya Kericho, lori lililobeba kontena lilipoteza mwelekeo na kugonga magari na wafanyabiashara waliokuwa kando ya barabara. Zaidi ya watu 50 walikufa.

Kwa hivyo unapoambiwa usiweke kibanda chako kwenye hifadhi ya barabara pale Mazeras au Mariakani, sababu haiko kwenye usafi wa mji peke yake. Mteja wako yuko barabarani, na hatari pia iko hapo hapo.

Onyo jingine ni la mafuta. Lori la mafuta likianguka, usikaribie na usichote. Sachangwan, Januari 2009, zaidi ya watu 100 waliteketea. Malanga, Kaunti ya Siaya, Julai 2021, watu 13 walifariki. Wengi wa waliokufa katika mikasa hiyo miwili walikuwa wakaazi waliokwenda na mitungi.

Na reli?

Treni ya mizigo ya SGR ilianza kazi rasmi mwaka wa 2018. Mwaka wa 2019 agizo la kupeleka makontena bara kwa reli lilizua maandamano hapa Pwani, na Septemba 2022 serikali ya kitaifa ikarudisha uondoshaji wa mizigo bandarini Mombasa. Reli hubeba mizigo mingi kwa safari ndefu, lakini haifiki kwenye ghala la mteja. Kontena likishuka Nairobi bado linahitaji lori. Reli na lori zitaendelea kugawana kazi, na anayepanga kununua gari leo auzingatie mgawanyo huo.

Kabla chama chenu hakijanunua lori

Jiulizeni maswali haya kikaoni, na majibu yaandikwe:

- Mzigo ni wa nani, na mkataba uko kwenye karatasi?
- Ni safari ngapi kwa mwezi zinazowezekana bila dereva kuvunja sheria ya saa nane?
- Gari litarudi na nini?
- Mteja hulipa baada ya siku ngapi, na chama kina akiba ya dizeli ya siku hizo zote?
- Dereva ana leseni ya daraja linaloruhusu treila?
- Gari likikaa gereji mwezi mzima, mkopo utalipwa na nini?

Kama hesabu inatoka tu ikiwa gari litazidisha mzigo au dereva hatalala, basi biashara hiyo haipo.

Ni vizuri pia kujua nani ana jukumu gani. Barabara ya A8 na mizani ya Mariakani ziko chini ya KeNHA, na leseni za madereva pamoja na ukaguzi wa magari ziko chini ya NTSA. Barabara za kaunti, taa za mitaani, maegesho ya mjini na masoko ni kazi ya serikali ya kaunti. Ukiwa na malalamiko kuhusu treila zinazoegeshwa mtaani, au unatafuta nafasi ya kuuza mbali na ukingo wa barabara kuu, anzia kwa msimamizi wa wadi yako.