Kabla ya Kuuliza Mwanamke Amechorwaje

Wanachuo wenzangu, aliyesoma fasihi ya Kiswahili sekondari hawezi kulisahau swali hili: "Jadili jinsi mwanamke alivyochorwa katika kazi mbili ulizosoma." Jibu lake tunalo kichwani hadi leo. Amechorwa kama mama mlezi, kama chombo cha starehe, kama mtu asiye na maamuzi, kama mwanamapinduzi. Unatoa hoja, unaweka mfano, unahitimisha, unaondoka na alama zako.

Swali lenyewe sina ugomvi nalo. Shida yangu ni kwamba tumelizoea mpaka tukadhani ndiyo kazi nzima ya uhakiki wa kifeministi. Mwanamke anabaki kuwa picha iliyochorwa na mtu mwingine, sisi tunasimama mbele yake tunaorodhesha rangi. Ni mara chache mno tunaulizwa: na mwanamke aliposhika kalamu mwenyewe, alisema nini, na alikuwa anamwambia nani?

Mwaka 1979 mhakiki wa Marekani, Elaine Showalter, aliigawa kazi hii katika sehemu mbili. Ya kwanza inamtazama mwanamke kama msomaji: anakagua jinsi vitabu, vingi vikiwa vya wanaume, vinavyomwonyesha. Ndiyo ile ya mtihani. Ya pili inamtazama mwanamke kama mwandishi: aina za tungo alizopenda, lugha yake, historia yake, wasomaji aliowakusudia. Hii ya pili ndiyo tunayoiruka, kisha tunakaa kwenye semina tunasema ufeministi ni wa Wazungu, sisi hautuhusu. Hebu tuupime mzani huu kwa mwandishi wa pwani yetu wenyewe.

Mama wa Siyu

Mwana Kupona binti Mshamu alizaliwa kisiwani Pate, katika visiwa vya Lamu. Aliolewa na Bwana Mataka, mtawala wa Siyu aliyepambana na Sultani Sayyid Said wa Zanzibar. Mume alifariki mwaka 1856. Mwaka 1858, akiwa mjane tena mgonjwa, mama huyu alimtungia binti yake Mwana Hashima utendi wa beti zaidi ya 100 kidogo. Anamfundisha kumcha Mungu, kuwa na adabu na ulimi mzuri, na sehemu kubwa inahusu namna ya kuishi na mume: kumtumikia, kumpendezesha, kutotoka bila ruhusa yake. Mwishoni anaomba dua.

Ukiutia utendi huu kwenye orodha yetu ya mtihani, unamaliza kwa dakika mbili: mwanamke amechorwa kama mtumwa wa mume, mwandishi ana mtazamo wa kizamani, basi. Hata Alice Werner na William Hichens walipouchapisha mwaka 1934 waliupa jina la ziada la Kiingereza lenye maana ya ushauri wa Mwana Kupona kuhusu wajibu wa mke. Msomaji anafungua kitabu akiwa tayari ameshaambiwa atakuta nini.

Sasa tumia swali la pili. Anamwambia nani? Anamwambia binti, faraghani, kama somo au kungwi anavyozungumza na mwali. Na kitu cha kwanza anachomtaka binti huyo afanye ni kusogea karibu na kuleta wino na karatasi. Tafakari hapo kidogo. Ni mwaka 1858, na mama anachukulia kama jambo la kawaida kwamba binti yake anaweza kuandika, Kiswahili kwa herufi za Kiarabu. Kabla hatujafika kwenye habari ya mume, tayari tuna wanawake wawili na kalamu, na maarifa yanapita kutoka kwa mmoja kwenda kwa mwingine. Baadaye anawaita wanawake wote wausome utendi wake na kuelewa maana. Kwa hiyo wasomaji wake aliwajua, na aliwachagua.

Kuna mahali anamwambia binti amtunze mume kama mtoto mdogo asiyejua kusema. Huo ni utii? Au ni mama mtu mzima anayemnong'oneza mwanawe siri ya nani hasa anaongoza nyumba? Mwaka 1991 mtafiti Ann Biersteker alitaka utendi huu usomwe upya kwa kuangalia lugha na mamlaka, akaonyesha kwamba maneno yake ya utii yanaweza kubeba kejeli. Wapo wasiokubaliana naye, wanaosema Mwana Kupona alikuwa Mwislamu mcha Mungu na alimaanisha kila neno. Mimi naona masomo yote mawili yana nguvu, na sioni kwa nini nilazimike kulifukuza moja. Waswahili tunajua mtu anaweza kusema jambo kwa unyofu kabisa na bado akaacha fumbo ndani kwa ajili ya anayehusika. Mwenye kanga analijua hilo.

Mwalimu wa Dakar

Twende Senegal, miaka 121 baadaye. Mwaka 1979 Mariama Bâ alichapisha kwa Kifaransa riwaya ambayo Kiswahili chake kinaitwa Barua Ndefu Kama Hii. Mwaka uliofuata ilipata Tuzo ya Noma, na hiyo ndiyo ilikuwa mara ya kwanza tuzo hiyo kutolewa. Msimulizi ni Ramatoulaye, mwalimu, mama wa watoto 12. Mumewe amefariki, naye akiwa ndani ya eda anamwandikia barua rafiki yake Aissatou. Anasimulia jinsi mume huyo, baada ya miaka mingi ya ndoa, alivyooa msichana aliyekuwa rafiki wa binti yao na kuitelekeza familia ya kwanza. Arobaini inapotimia, shemeji yake anakuja kutangaza kwamba atamrithi. Ramatoulaye anamkatalia waziwazi.

Weka kazi hizi mbili mezani pamoja. Wote wawili ni wajane, ni Waislamu, ni Waafrika, na kila mmoja anamwambia mwanamke mwenzake. Yaani wote wamechagua aina ya maandishi ambayo kwa sura ya nje ni mazungumzo ya ndani: wosia wa mama, barua kwa shoga. Wanaume hawajakaribishwa kwenye mazungumzo hayo, ingawa wanazungumzwa kila ukurasa.

Tofauti nazo zipo, tena kubwa. Mwana Kupona anaikumbuka ndoa yake kwa fahari na anataka binti aipate kama hiyo. Ramatoulaye anahesabu majeraha. Lakini hata yeye hakuomba talaka mume alipooa. Aissatou ndiye aliyeondoka mumewe alipoleta mke wa pili, akasoma na kupata kazi ubalozini Marekani. Bâ hamtangazi mshindi kati yao. Anawaacha wabaki marafiki wenye majibu tofauti kwa tatizo moja.

Hapa ndipo kulinganisha tamaduni kunaponisaidia kuliko nadharia iliyokaririwa. Chandra Talpade Mohanty, msomi mwenye asili ya India, aliandika mwaka 1984 kuwakosoa wanafeministi wa Magharibi waliowafanya wanawake wa nchi zetu kuwa fungu moja la waonewa, wasio na historia wala hila. Ukweli mchungu ni kwamba kosa hilo hilo tunalifanya wenyewe tukijibu "mwanamke wa Kiafrika amekandamizwa" bila kusema yupi, wapi, lini, na yeye alifanya nini.

Tuje darasani

Hili linatugusa sana sisi wa ualimu. Kwenye mazoezi ya kufundisha nilimuuliza msichana wa kidato cha tatu kuhusu mhusika mmoja wa kike. Akanipa hoja zote nne bila kukosea. Nikamuuliza, "Ungekuwa wewe, ungesema nini pale?" Akanyamaza, halafu akajibu taratibu, "Hilo halipo kwenye notsi, mwalimu."

Jibu lake halijanitoka. Binti huyo anaweza kupata A ya fasihi bila mtu yeyote kumwambia kwamba na yeye ana la kusema.

Haikosi mfano hapa nyumbani. Penina Muhando, baadaye Profesa Mlama, alituandikia Nguzo Mama mwaka 1982, tamthiliya ya wanawake wanaohangaika kuisimamisha nguzo yao huku wakikwamishwa na wanaume na pia na migongano yao wenyewe. Mwaka 1996 yeye na Amandina Lihamba, kutoka idara ya sanaa ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, wakaanzisha Tuseme: wasichana wa sekondari wanachambua matatizo yao, wanayatungia maigizo, wanayaonyesha mbele ya shule nzima. Yaani msichana anatoka kwenye kuchorwa, anaingia kwenye kutunga.

Nasi tunaweza kuanza padogo, bila kusubiri mtaala ubadilike. Mwanafunzi akishamaliza orodha yake, mwongeze maswali matatu: nani ameandika, anamwambia nani, na ni nini asingeweza kukisema kama wengine wangekuwa wanasikiliza? Kisha mpe ukurasa mmoja aandike yeye, kwa mama yake, kwa dada, kwa shoga, kwa yeyote amtakaye. Wavulana nao waandike. Na wao wamefundishwa kunyamaza mengi. Usisahihishe tahajia siku hiyo. Soma kwanza walichosema.