Kobla ya Beri Nyeusi na Subira ya Mpishi

Katika majimbo ya kusini ya Marekani, tangu Virginia na Kentucky hata Georgia na Arkansas, mwezi wa Juni unapokaribia kwisha na jua la kiangazi linapokuwa kali, vichaka vya miiba vilivyosimama kando ya njia, katika nyua za mashamba na kwenye kingo za mito hujaa tunda dogo jeusi, lenye maji mengi na utamu uliochanganyika na ukali, ambalo tangu zama za wenyeji wa asili wa nchi ile lilikuwa riziki ya kila mwenye chombo mkononi na moyo wa kustahimili kuchomwa. Tunda hilo ni beri nyeusi. Na chakula mashuhuri kinachopikwa kwalo majumbani ni kobla, yaani matunda yaliyotiwa sukari katika bakuli la kuokea, yakafunikwa kwa unga uliochanganywa na siagi na maziwa, kisha yakaokwa mpaka juu pakapata rangi ya dhahabu na chini pakatokota. Watu wengi hukihesabu kuwa chakula chepesi kisichohitaji fundi, na ni kweli kwamba husamehe mkono usio na ustadi. Walakini hakisamehe haraka hata kidogo, na muradi wa makala haya ni kuonyesha kwa nini.

Msomaji wa pwani aliyepata kula forosadi anaweza kulikisia umbo la beri nyeusi, kwa kuwa matunda yote mawili ni mkusanyo wa vitunda vidogo vidogo vilivyoshikamana, kila kimoja na kokwa yake. Lakini forosadi huzaliwa na mti, ilhali beri nyeusi ni mwana wa kichaka cha ukoo wa waridi, ambacho jamaa zake wa mwituni humea hata kwetu, katika nyanda za baridi za Kilimanjaro na Mlima Kenya. Tabia ya kichaka hiki ni ya kuzingatiwa. Mizizi yake huishi miaka mingi, lakini fito zake zina umri wa miaka miwili tu: mwaka wa kwanza ufito huchipua na kurefuka pasipo kuzaa, mwaka wa pili hutoa maua meupe, huzaa matunda, kisha hufa na kuwaachia nafasi wadogo zake. Kwa hiyo mkulima afyekaye kichaka chote kila mwaka kwa kupenda usafi hujinyima matunda kwa mikono yake mwenyewe, na yule angojaye akaondoa fito zilizokwisha kuzaa peke yake hupata mavuno mwaka baada ya mwaka. Hata ile baridi ya ghafula ambayo hurudi mwezi wa Mei, wakati maua yamekwisha kuchanua, watu wa kusini wameipa jina la beri nyeusi, kana kwamba majira yenyewe hayawezi kutajwa bila ya tunda hili.

Kuchuma ndiko mwanzo wa mapishi, na makosa yanayotendeka hapo hayatengenezeki jikoni. Beri nyeusi ikikwisha chumwa haiivi zaidi. Ilivyotoka kichakani ndivyo itakavyokuwa mezani. Macho peke yake hudanganya, kwa sababu tunda huwa jeusi siku kadhaa kabla ya kukamilika utamu wake, na wakati huo hung'aa mno na kumvutia mtu. Lile lililoiva kweli limepungua mng'ao, limejaa na kulainika, na likiguswa kwa ncha za vidole huachia bila ya kuvutwa. Wachumaji wenye maarifa huvaa mikono mirefu kwa ajili ya miiba na wadudu, hutoka asubuhi kabla ya jua kupasha matunda joto, na hutumia vyombo vipana visivyo na kina, ili yaliyo juu yasiyaponde yaliyo chini. Aidha hawayaoshi mpaka saa ya kuyatumia, kwani unyevu huyaharibu upesi, na hata yakiwekwa mahali pa baridi hayafai kungojewa zaidi ya siku mbili tatu. Wahenga wetu waliposema kuwa mvumilivu hula mbivu walikuwa kama wanaolinena tunda hili.

Si beri zote zilizo za mwituni tena. Katika mwaka 1885 Luther Burbank, mkuzaji mimea maarufu wa Santa Rosa katika California, alieneza aina moja yenye matunda makubwa aliyoidhani kuwa imetoka milima ya Himalaya, ingawa wataalamu wa baadaye waliinasibisha na nchi za Armenia. Ndege wakazitawanya mbegu zake, na leo katika majimbo ya Oregon na Washington aina hiyo hupigwa vita kuwa ni magugu mabaya, wakati huohuo watu wakijaza vyombo vyao kwa matunda yake bila ya malipo kando ya barabara. Oregon hiyohiyo ndiyo jimbo linaloongoza kwa kilimo cha beri nyeusi nchini Marekani, na fahari yake ni marionberry, aina iliyozalishwa na George Waldo wa idara ya kilimo ya serikali, ikatolewa kwa wakulima mwaka 1956, na kupewa jina la wilaya ya Marion ilikofanyiwa majaribio. Huko Arkansas nako, chuo kikuu cha jimbo kilianza mwaka 1964 kazi ya kuzalisha aina zinazosimama wima na, baadaye, zisizo na miiba. Hivyo tunda la watu wa vichakani limekuwa tunda la masoko. Bali kobla haikubadilika.

Asili ya kobla ni uhaba. Wahamiaji wa Kiingereza waliofika Amerika walizoea pai na pudingi zilizohitaji tanuri, vyombo na wakati, navyo katika makazi mapya ya mipakani havikupatikana. Walichokuwa nacho ni chungu kizito cha chuma chenye kifuniko kilichoinuka ukingo, ambacho kiliwekwa juu ya makaa, na makaa mengine yakapaliwa juu ya kifuniko chake, hekima ambayo mpishi wa pwani yetu hana haja ya kufundishwa, maana ndivyo apaliavyo wali wake na ndivyo auivishavyo mkate wa kumimina. Katika chungu hicho matunda yalitiwa kama yalivyo, na unga ukawekwa juu pasipo kusukumwa wala kupambwa. Mwaka 1839 Lettice Bryan wa Kentucky alitoa kitabu chake, The Kentucky Housewife, ambamo alieleza kobla ya mapichi, na kuionyesha kuwa chakula cha jamaa ya nyumbani kuliko cha kuwakirimia wageni wa heshima. Hukumu hiyo haikuwa dharau. Ilikuwa ni kukiweka chakula mahali pake.

Wala si haki kuitaja historia hii bila ya kuwataja watu weusi, ambao mikono yao ndiyo iliyopika katika majumba mengi ya kusini, kwanza katika utumwa na kisha katika uhuru. Abby Fisher, aliyezaliwa utumwani, hakujua kusoma wala kuandika, walakini mwaka 1881 huko San Francisco maarifa yake yaliandikwa kwa kinywa chake mwenyewe yakawa kitabu, na miongoni mwa mambo aliyoyahifadhi humo ni sharubati ya beri nyeusi iliyotumiwa kutibu watoto wenye kuhara. Edna Lewis naye, aliyezaliwa mwaka 1916 katika kijiji cha Freetown, Virginia, kilichoasisiwa na watu waliotoka utumwani, babu yake akiwa mmoja wao, aliandika mwaka 1976 kitabu kinachoyapanga mapishi ya kwao kwa kufuata majira ya mwaka, na msomaji wake hufahamu dhahiri kwamba kwa watu wale kila tunda lilikuwa na saa yake, na kulisubiri kulikuwa sehemu ya kulifurahia.

Sasa na tuingie jikoni. Kwa bakuli la mraba lenye upana wa sentimita 23, mpishi atwae gramu 900 za beri, nazo ni kama vikombe sita, azichanganye taratibu na gramu 150 za sukari, vijiko viwili vikubwa vya kornflawa, kijiko kikubwa cha maji ya ndimu na chembe za chumvi, kisha aziache robo saa. Kungoja huku si bure, maana sukari huyavuta maji ya tunda nje, na kornflawa hupata umajimaji wa kulowana sawasawa badala ya kubaki vidonge vyeupe. Bakuli liwe la kioo, la udongo au la chuma kilichopakwa rangi ya kauri. Aluminiamu tupu haifai, kwa kuwa ukali wa tunda huila na ladha ikaharibika.

Kwa kifuniko, achanganye gramu 190 za unga wa ngano, vijiko vitatu vikubwa vya sukari, vijiko viwili vidogo vya bekingi pauda, robo ya kijiko kidogo cha magadi soda na nusu ya kijiko kidogo cha chumvi. Afikiche ndani yake gramu 85 za siagi baridi mpaka unga uwe kama chenga, na abakishe vipande vya siagi vyenye ukubwa wa punje za choroko. Vipande hivyo vikiyeyuka tanurini huacha nafasi, na nafasi hizo ndizo zinazokifanya kifuniko kiwe laini. Kisha amimine mililita 160 za mtindi na akoroge kwa uma mpaka unga ushikamane tu, asikande, kwani kukanda huamsha ule mnato wa ngano ufaao kwa mkate na usiofaa hapa. Magadi na mtindi vikikutana huanza kutoa hewa papo hapo, kwa hiyo donge lisiachwe kungoja. Hii ndiyo hatua pekee ya kobla yote ambayo yataka wepesi. Achote kwa kijiko madonge tisa, ayapange juu ya matunda, na aache mianya baina yake, ili mvuke utoke na sharubati ipande ubavuni mwa unga. Wala asizidishe magadi kwa tamaa ya kuumua zaidi, maana rangi ya beri katika ukali hubaki nyekundu ya zambarau, lakini ikiguswa na magadi mengi huelekea buluu na hata kijani, na sura ya chakula huchukiza kabla hakijaonjwa.

Iko njia ya pili, rahisi zaidi, ipendwayo sana kusini, ambayo wanawake wengi huikariri bila ya kitabu, kwa sababu vipimo vyake ni kikombe kimoja kimoja: unga, sukari na maziwa. Siagi gramu 115 huyeyushwa ndani ya bakuli lenyewe. Rojo la vitu vile vitatu, pamoja na kijiko kidogo na nusu cha bekingi pauda na chumvi kidogo, humiminwa juu ya siagi bila ya kukorogwa. Kisha vikombe vitatu vya beri hutawanywa juu. Tanurini rojo huumuka na kuyapita matunda, hata kilichokuwa chini kikawa juu, na kingo zikakaangika kwa siagi zikawa kavu na tamu.

Kobla ya kwanza huokwa kwa nyuzi 190 za Sentigredi kwa dakika 45 takriban, na ya pili kwa nyuzi 180 kwa muda unaokaribia saa moja. Hapa ndipo wengi hukosea, kwa kuwa hutazama rangi ya juu na kuifanya kuwa shahidi wa pekee. Kornflawa haishiki maji ya tunda mpaka yakaribie kuchemka, na katikati ya bakuli ndipo mahali pa mwisho kupata joto. Kwa hiyo ishara ya kweli ni kuiona sharubati ikitokota katikati, kwa mapovu mazito yanayopasuka polepole, si kandokando tu. Juu pakiwahi kuwa pekundu kabla ya hapo, pafunikwe kwa karatasi ya foili na moto uendelee. Hata ikiisha kutolewa, haijawa tayari: kwa muda wa nusu saa sharubati huendelea kuganda kadiri inavyopoa, na mwenye kuikata mapema hupata supu ya zambarau juu ya sahani. Ikiwa vuguvugu huliwa pamoja na malai baridi au aiskrimu ya vanila, na baridi hiyo hutuliza ukali wa tunda.

Msomaji asiye na beri nyeusi karibu naye asidhani kwamba maarifa haya hayamhusu. Zile za kugandishwa zinazouzwa katika maduka makubwa zafaa, mradi aongeze kijiko kimoja cha kornflawa na dakika za ziada tanurini, kwani hutoa maji mengi zaidi. Forosadi nazo zafaa, ila kwa kuwa ukali wake ni haba, sukari ipunguzwe na ndimu iongezwe maradufu. Asiye na tanuri atumie sufuria nzito yenye mfuniko, makaa machache chini na mengi zaidi juu, kwani ndivyo kobla ilivyopikwa mwanzo, na moto wa chini ukizidi sukari ya matunda huungua. Vyombo vitabadilika na tunda litabadilika, lakini sharti la chakula hiki halibadiliki katika nchi yoyote: tunda lingojewe mpaka liive, sharubati ingojewe mpaka itokote, na bakuli lingojewe mpaka litulie. Atakayeyatimiza hayo matatu atawalisha jamaa zake kobla njema, hata kama hajapata kuoka kitu maishani mwake.