Aislandi: Nchi Isiyotulia

Aislandi ni kisiwa cha Atlantiki ya kaskazini, kati ya Norwei na Greenland, chini kidogo ya Duara la Aktiki. Ukubwa wake ni takriban kilomita za mraba 103,000, karibu sehemu moja ya tisa ya Tanzania. Wakazi hawafiki 400,000, na theluthi mbili hivi wanaishi Reykjavík, mji mkuu, na viunga vyake. Bara ya kisiwa haina wakazi: ni mchanga mweusi, lava iliyoganda na barafu.

Kisiwa kimekaa juu ya mpaka wa mabamba mawili ya ganda la dunia, la Amerika Kaskazini na la Ulaya na Asia. Mabamba hayo huachana kwa takriban sentimita 2 kila mwaka, na miamba iliyoyeyuka hupanda kutoka chini na kuziba mwanya. Sehemu kubwa ya ufa huo imefunikwa na bahari. Huko Aislandi ufa umetokeza juu, na mtu anaweza kupita ndani yake kwa miguu. Ndiyo maana mawe makongwe kabisa ya huko yana umri wa miaka milioni 16 hivi, ilhali miamba ya Tanzania ya kati imepita miaka bilioni 2.5.

Ufa huonekana vizuri zaidi Þingvellir, mashariki ya Reykjavík, palipo na ukuta mrefu wa mwamba mweusi uliopasuka wima. Chini ya ukuta huo ndipo wahamiaji kutoka Norwei walipoanza kukutana mwaka 930 na kuunda Bunge lao, Alþingi, na mikutano iliendelea hapo hadi 1798. Miaka michache kabla ya kuhama, mwaka 1789, matetemeko yalititisha sakafu ya bonde na maji ya ziwa yakaingia sehemu ya uwanja. Hata hivyo, nchi ilipojitenga na Denmark, jamhuri ilitangazwa palepale, tarehe 17 Juni 1944.

Nchi kama hii hubadilika mbele ya macho ya watu. Tarehe 14 Novemba 1963, wavuvi waliokuwa kusini mwa kisiwa waliona moshi mweusi ukipanda kutoka baharini. Bahari ilikuwa inazaa kisiwa kipya, kilichopewa jina la Surtsey, ambacho kimeitangulia Kenya huru kwa muda usiotimia mwezi. Mlipuko uliendelea hadi Juni 1967, na eneo likafika kilomita za mraba 2.7. Tangu hapo mawimbi yamekula karibu nusu yake. Wanaoruhusiwa kutua ni watafiti tu, kwa sababu ni mahali adimu pa kushuhudia jinsi uhai unavyoanza: mbegu zilifika kwa maji, ndege wakaja kutaga, mavi yao yakarutubisha mchanga, majani yakaota.

Kisiwa jirani, Heimaey, kilipata mtihani wa namna nyingine. Usiku wa 23 Januari 1973 ardhi ilipasuka pembeni mwa mji. Kwa bahati, dhoruba ya siku iliyotangulia ilikuwa imezizuia mashua za uvuvi bandarini, na karibu wakazi wote 5,300 wakavushwa kabla ya mapambazuko. Lava ilipoelekea kuziba mlango wa bandari, riziki ya mji mzima, watu waliipigania kwa mabomba: walipampu maji ya bahari juu yake kwa miezi, ikapoa na kuganda. Mamia ya nyumba yaliangamia, lakini bandari ilipona, na lava hiyo sasa inaikinga dhidi ya upepo.

Si kila mlipuko ulizuilika. Mwaka 1783 ufa wa Laki, wenye urefu wa kilomita 27 hivi, ulitema lava na gesi kwa miezi minane. Majani yakatiwa sumu, mifugo ikafa, na njaa iliyofuata ikamaliza takriban mtu mmoja kati ya watano. Ni miongoni mwa misiba mikubwa katika historia ya taifa hilo.

Majivu ya milipuko yamekuwa kalenda. Ukingo wa mfereji uliochimbwa shambani huonyesha udongo wa kahawia wenye mistari myembamba, mingine myeusi, mingine myeupe, na mtaalamu huisoma mmoja mmoja. Mstari mmoja mweupe ni wa volkano ya Hekla, mwaka 1104, mlipuko uliofukia bonde la Þjórsárdalur. Chini zaidi upo mstari wa mwaka 871 hivi, uliothibitishwa kwa majivu yayo hayo katika barafu ya Greenland. Chini yake dalili za binadamu ni chache mno. Hivyo mwanzo wa taifa umeandikwa ndani ya udongo wenyewe.

Barafu, inayofunika takriban sehemu moja ya kumi ya nchi, nayo haikai. Volkano ya Katla ilipolipuka chini ya barafu mwaka 1918, barafu iliyeyuka na mafuriko yakasomba vifusi vingi hata pwani ikasogea baharini. Siku hizi barafu inapungua kwa sababu ya joto la dunia, na ardhi iliyoondolewa mzigo inanyanyuka.

Hata saa za huko zingemchanganya Mswahili anayeanza kuhesabu jua linapochomoza. Mwishoni mwa Desemba, mjini Reykjavík, jua huchomoza saa tano na dakika ishirini asubuhi na kuzama saa tisa na nusu alasiri. Mwishoni mwa Juni huzama saa sita usiku na kurudi saa tisa usiku, na giza halisi halipo. Ramadhani ikiangukia Juni, Waislamu wa huko wakifuata jua hufunga kwa zaidi ya saa 20.

Uchumi unategemea samaki, utalii na uyeyushaji wa alumini. Umeme karibu wote hutoka kwenye maji na jotoardhi, na nyumba tisa kati ya kumi hupashwa joto kwa maji moto ya chini ya ardhi. Hatari haijaisha: Novemba 2023 mji wa Grindavík, wenye watu 3,800 hivi, ulihamishwa, na Januari 2024 lava ikateketeza nyumba tatu.

Misukosuko hiyo imeigusa Afrika Mashariki pia. Aprili 2010 majivu ya volkano ya Eyjafjallajökull yalizuia ndege za Ulaya, na maua ya Naivasha, Kenya, yakaozea maghalani. Lakini faida iliyotoka Aislandi imekuwa kubwa kuliko hasara. Wahandisi wengi wa Kenya wamesomea jotoardhi Aislandi, na leo mvuke wa Olkaria na visima vya jirani huipa Kenya sehemu kubwa ya umeme wake. Tanzania ina joto la namna hiyo chini ya Ngozi na Kiejo, mkoani Mbeya. Inafaa ilifuate kwa bidii ileile.