Nyigu Akiuma: Uvimbe wa Kawaida na Dalili za Hatari

Nyigu wa upenuni hujenga kiota kwa nyuzi za mti anazozitafuna na kuzichanganya na mate, zikakauka kama karatasi. Hatafuti ugomvi. Huuma pale kiota kinapotikiswa na ufagio au mkono wa mchuma maembe. Wanaouma ni majike tu, kwa kuwa mwiba wao ni kiungo cha kutagia mayai kilichogeuka silaha. Nyuki wa asali huuacha mwiba wake ngozini akafa. Nyigu huuchomoa, akadunga tena na tena.

Sumu yake ina histamini na protini zinazoleta maumivu makali papo hapo, joto na uvimbe. Kwa wengi hali hutulia baada ya saa chache. Wapo ambao mkono mzima huvimba na kuendelea kuvimba hadi siku ya pili. Hali hiyo hutisha, lakini mara nyingi ni mzio wa mahali hapo tu, wala antibiotiki haihitajiki. Pete na bangili zivuliwe mapema, pahali paoshwe kwa sabuni, kisha pawekwe kitambaa chenye barafu. Parasetamoli hupunguza maumivu, na dawa ya mzio hupunguza muwasho. Mafuta ya taa, yanayopendwa mno vijijini, huunguza ngozi bure.

Ukubwa wa uvimbe basi si kipimo cha hatari. Cha kuangaliwa ni dalili zinazojitokeza mbali na palipoumwa, tena upesi, mara nyingi ndani ya dakika chache: vipele mwili mzima, midomo au ulimi kuvimba, sauti kukwama, kifua kubana, kutapika, kizunguzungu, kuzimia. Huo ni mzio mkali unaoweza kuua, na dawa yake ya kwanza ni sindano ya adrenalini pajani, si kidonge cha mzio. Mgonjwa alazwe chali, miguu iinuliwe, asisimamishwe; anayepumua kwa shida aachwe akae. Akipata nafuu bado abaki hospitali akiangaliwa, maana dalili huweza kurudi saa kadhaa baadaye.

Aliyeumwa mdomoni au kooni apelekwe hospitali hata kama hana mzio, kwani uvimbe huweza kuziba njia ya hewa. Vivyo hivyo aliyeshambuliwa na kundi, hasa mtoto: sumu nyingi huharibu misuli na figo, na mkojo wa rangi ya chai nzito ni ishara mbaya. Homa au usaha baada ya siku mbili tatu navyo vinahitaji daktari.

Aliyewahi kupata mzio mkali anaweza kuupata tena akiumwa. Amweleze daktari mapema, na panapopatikana adrenalini ya kujidunga, awe nayo karibu.