Vihisi vya Mkondo Vyenye Uhami: Kuvichagua na Kuvitumia

Katika inveta ya sola, mkondo unaotakiwa kupimwa hupita penye mamia ya volti, ilhali chipu inayousoma huendeshwa kwa volti 3.3 au 5. Kihisi chenye uhami huusoma mkondo upande wa volti kubwa na kupeleka taarifa tu upande wa pili. Umeme wenyewe hauvuki.

Uchaguzi huanzia kwenye aina ya mkondo. Transfoma ya mkondo na koili ya Rogowski husoma AC pekee, kwani hutegemea usumaku unaobadilika. Koili ya Rogowski haina kiini cha chuma, hivyo haishibi hata kwa maelfu ya ampea. Transfoma ni imara na rahisi, lakini nyaya zake za upili zisiachwe wazi kamwe mkondo ukiwa unapita: volti hupanda kufikia kiwango cha kuua.

Penye DC, rezista ndogo yenye ampilifaya ya uhami hupima kwa usahihi mkubwa, ila gharama yake ni joto. Ampea 100 katika miliomu 1 huzaa wati 10. Mkondo ukiongezeka maradufu, joto huwa mara nne.

Njia nyingine hutumia tukio alilogundua Edwin Hall nchini Marekani mwaka 1879: uga wa sumaku wa mkondo huzaa volti ndogo kwenye kipande cha semikondakta. Chipu ya ACS712 ya ampea 20, maarufu kwa mafundi na wanafunzi, hutoa milivolti 100 kwa kila ampea, na sifuri yake ni nusu ya volti inayoilisha. Hapa ndipo makosa mengi huzaliwa. Ikilishwa volti 4.8 badala ya 5, sifuri hushuka kutoka 2.5 hadi 2.4, na programu isiyojua hilo huona ampea 1 isiyokuwepo. Penye ampea 20 kosa hilo ni asilimia 5. Penye ampea 2 ni nusu ya kipimo chote. Kwa hiyo sifuri ipimwe upya kila mtambo unapowashwa, kabla transista za inveta, ambazo ndizo swichi zake, hazijaanza kazi.

Kasi nayo ina uzito wake. Chipu hiyo huchukua takriban mikrosekunde 5 kuitikia. Transista nyingi za IGBT huvumilia shoti kwa takriban mikrosekunde 10, lakini za silikoni kabaidi mara nyingi huvumilia 2 au 3 tu, hivyo huhitaji ulinzi wa kasi zaidi.

Kuhusu uhami, volti ya majaribio isichukuliwe kuwa ndiyo ya kazi. Chipu inayostahimili zaidi ya volti 2,000 kwa dakika moja huenda ikaruhusiwa mia chache tu kwa matumizi ya kudumu. Umbali kati ya pande mbili kwenye ubao nao usipunguzwe kwa njia za shaba zinazopitishwa chini ya chipu. Hatimaye, usomaji ufanyike katikati ya mzunguko wa swichi, si zinapofungwa au kufunguliwa, kwani wakati huo ndio ishara huchafuka zaidi.