Bei ya Dagaa wa Tabora Hupangwa Ziwani

Kwenye magenge ya Ng'ambo, mjini Tabora, bei ya fungu la dagaa inaweza kukaa miezi bila kubadilika. Kinachobadilika ni fungu lenyewe. Dagaa wakiwa wengi, muuzaji hujaza kiganja na kuongeza wachache juu. Wakiadimika kiganja hupungua, mnunuzi akabaki kubembeleza: "Mama, niongezee basi, watoto ni wengi." Kwa sado, lile kopo la kupimia, ni hivyo hivyo. Kuna sado ya kilima, iliyorundikwa hadi dagaa wanamwagika pembeni, na kuna sado iliyosawazishwa mdomoni kwa mkono. Shilingi ni zilezile, chakula si kilekile. Anayefuatilia bei kwa kuangalia noti peke yake atadhani mambo ni shwari, kumbe familia inakula pungufu.

Si haki kumlaumu mama wa gengeni kwa hilo. Yeye yuko mwisho wa safari ndefu, na bei anayouzia imeshapangwa mbali na hapa.

Tabora hula dagaa wa maziwa mawili. Magharibi, kwa mwendo wa takriban kilomita 400 za reli, kuna Kigoma na Ziwa Tanganyika. Kaskazini, karibu kilomita 380, kuna Mwanza na Ziwa Viktoria. Reli ya Kati ilifika Tabora mwaka 1912 na Kigoma mwaka 1914. Tawi la Mwanza lilifunguliwa mwaka 1928, na tangu hapo mji huu umekuwa njia panda ya magunia. Dagaa wa Kigoma ni wanene, wanang'aa kama fedha, na ndio wenye bei. Wa Mwanza ni wadogo zaidi na wa bei nafuu, na nyumba nyingi za kipato cha chini huwategemea hao.

Biashara yenyewe ni kongwe kuliko reli. Wasafiri waliofika Ujiji katika karne ya 19 waliandika juu ya samaki wadogo waliouzwa sokoni pale. Chumvi ya chemchemi za Uvinza ilisafiri kwenye njia hiyohiyo ya misafara, na wapagazi wa Kinyamwezi walipita na mizigo kati ya ziwa, Tabora na pwani. Leo mzigo hupanda lori na kuvuka Malagarasi juu ya Daraja la Kikwete, au hupakiwa kwenye behewa. Lakini mambo yanayopandisha na kushusha bei hayajabadilika sana.

La kwanza ni mwezi. Dagaa huvuliwa usiku kwa taa: zamani karabai, siku hizi taa za betri na sola. Mwanga huwavuta juu, wavu ukawazoa. Mbalamwezi ikitanda juu ya ziwa, taa hazina nguvu tena, na wavuvi hupumzika kwa siku kadhaa hadi giza lirudi. Ndiyo maana kila mwezi kuna wiki ambayo mzigo hupungua mwaloni, dagaa wanakoshushwa, na baada ya muda upungufu huo huonekana gengeni.

La pili ni mvua. Ili wakauke, dagaa wanahitaji jua kali la siku moja au mbili. Mvua ikinyesha mfululizo huanza kunuka na kubadilika rangi, na mzigo ambao ungekuwa kitoweo huishia kwenye chakula cha kuku. Samaki wamevuliwa, mafuta ya injini yamechomwa, watu wamekesha, lakini sahani haikupata kitu.

La tatu ni jipya. Mwaka 2024 Tanzania ilifunga uvuvi Ziwa Tanganyika kuanzia Mei 15 hadi Agosti 15, kufuatana na makubaliano ya nchi nne zinazolizunguka ziwa hilo, ili samaki wapate nafasi ya kuzaliana. Nia ilikuwa njema na ziwa lilihitaji pumzi. Lakini kwa mkoa wa Tabora, miezi hiyo ndiyo ya masoko ya tumbaku, pesa inapoingia mikononi mwa wakulima na watu wanataka kitoweo. Mlango wa ziwa umefungwa, mfuko wa mnunuzi umefunguka: bei itakwenda wapi kama si juu?

Tena ziwa lenyewe halina ziada. Utafiti uliochapishwa mwaka 2003 katika jarida la Nature ulionyesha kwamba kuongezeka kwa joto kumepunguza uzalishaji wa mwani, chakula cha msingi cha Ziwa Tanganyika, kwa takriban asilimia 20, na ukakadiria kuwa samaki wanaoweza kupatikana wamepungua kwa asilimia 30 hivi. Kwa hiyo kuongeza nyavu hakutashusha bei. Unafuu utatokana na kuokoa dagaa waliokwisha kuvuliwa, kuanzia namna wanavyoanikwa.

Chukua bakuli la dagaa walioanikwa ardhini, uwamwagie maji. Yakituama, mchanga hukaa chini tabaka zima. Mchanga huo umelipiwa nauli kutoka ziwani na kununuliwa kama kitoweo. Walioanikwa kwenye kichanja hukauka haraka kwa sababu hewa inapita chini na juu, hukaa muda mrefu ghalani, na huoshwa mara moja tu. Ila mwanikaji hatagharamia kichanja kama dagaa wake safi watachanganywa na wa mchangani na kuuzwa bei moja.

Wenzetu wa visiwa vya Lofoten, kaskazini mwa Norwei, walishaliona hili. Huko samaki hutundikwa kwenye vichanja vya miti kuanzia Februari hadi Mei, bila chumvi, wakakaushwa na upepo wa baridi. Kisha wachambuzi wenye ujuzi huwapanga katika madaraja yapatayo 20, kila daraja na bei yake. Wa daraja la juu huenda Italia. Hata vichwa hupata soko Nigeria. Mkaushaji anajua kwamba usafi wake una malipo.

Kigoma na Mwanza hazihitaji madaraja 20. Matatu yanatosha, yakiandikwa kwenye gunia pamoja na jina la ziwa, ili wa Mwanza wasiuzwe kwa jina la Kigoma. Wakala wa Vipimo, ambao umepambana na lumbesa, yaani magunia yanayojazwa kupita kipimo, kwenye mazao, uingie pia kwenye magenge, dagaa wauzwe kwa mizani. Halmashauri zijenge vichanja na mabanda ya kuanikia mialoni kabla ya mvua, na tarehe za kufunga ziwa zitangazwe Tabora mapema kama zinavyotangazwa Kigoma, wauzaji waweke akiba. Dagaa huliwa mzima, na mifupa yake laini ina madini ya kujenga mifupa ya mtoto. Katika nyumba isiyomudu nyama, fungu likipungua ni mtoto anayepunjwa, na haki yake inapaswa kulindwa tangu mwaloni.